Ngumi ya Inchi Tatu

London, 9 Februari 1956

Mdogo wangu Enid,

Huku ni baridi tu, na wiki hii nimeuawa mara mbili: Jumatatu nilichomwa kisu mgongoni, Jumanne nikatupwa ngazini. Mwongozaji akafoka, "Wilf, kufa polepole, bwana, watu wamelipa kiingilio!" Miaka ishirini na mbili naigiza majambazi. Jina langu hakuna anayelijua, ila vifo vyangu wanavikumbuka.

Jana mumeo Norman alikuja studio, akaomba naye aonekane kwenye ugomvi wa baa. "Shemeji, kazi yako kupigwa tu," akanicheka mbele ya wenzangu. "Haya, leo wewe unipige mimi!"

Enid, kwenye mazishi ya mama uliniambia jicho lile lililovimba uligonga mlango wa kabati. Mimi hupakwa michubuko ya bandia kila asubuhi. Mlango huacha mchubuko wa mstari. Na kabati halina vidole vya kukuachia alama shingoni.

Ngumi zetu hupita inchi tatu mbele ya kidevu. Kamera ndiyo inayodanganya. Ya jana haikupita. Nilisikia taya likivunjika, damu ikaruka hadi kwenye glasi. Mwongozaji akapiga makofi: "Safi! Hiyo hatuirudii!"

Norman amelazwa hospitali ya hapa hadi Jumatatu, meno yamefungwa kwa waya. Wewe panda treni kabla hajatoka. Ufunguo wa kwangu umo ndani ya bahasha hii.

Filamu itatoka kabla ya Krismasi. Tutakaa viti vya mbele.

Kaka yako,
Wilf