Filamu ya Mama Akiwa Edani

Swaleh,

Ungalikuwa hai ningekuja kukutukana uso kwa uso. Sasa sina budi kukwandikia. Usidhani kufa kumekuosha. Tumekulilia, wallahi, na hasira zangu ziko pale pale.

Jana wenzako wa filamu walikuja Kibokoni, adabu tele, wakaketi barazani na kahawa ya Mama mkononi. Wataka kuionyesha tena filamu yako, ati kwa kukukumbuka. Ile ile uliyoipiga wakati ule! Baba ndiyo kwanza azikwe, Mama yuko edani, haonwi na mwanamume ila wanawe na nduguze. Nawe uko ghorofani, kamera umeilenga kwenye upenyo wa dirisha, wamrekodi uani akichana nywele.

Nilipokuuliza ulinijibu, "Dada, nataka mtazamaji ajione anavyochungulia." Ebo! Mtazamaji kajiona, na Mama je, kaonwa na nani? Wewe mwanawe ulikuwa na ruhusa ya kumuona. Lakini uliwaazima walimwengu jicho lako. Wahenga walisema nyumba husitiri mambo. Yetu uliitoboa wewe.

Huko ulikoipeleka walipiga makofi. Hapa, muuza leso mmoja wa Biashara Street aliyeiona alimwambia Mama mbele ya wateja kwamba nywele zake bado nyeusi. Tangu siku hiyo hachani nywele uani. Huchana chumbani, mlango kautia komeo, mtu mzima ndani ya nyumba yake! Ulijua, ukanyamaza.

Niliwaambia wenzako hapana. Mama akanikatiza. Akasema hajapata kuiona, basi wamwekee. Wakamfungulia kompyuta. Alitazama hadi mwisho, pua karibu iguse kioo, kisha akauliza, "Swaleh yuwapi?" Wakamweleza kuwa wewe ndiye uliyeshika kamera. "Najua. Lakini hamna hata sura yake?" Wakairudisha nyuma, wakatafuta. Hamna, hata kivuli chako. Akalia. Si kwa nywele zake, Swaleh. Alitaka kukuona wewe.

Watu wote umewaonyesha Mama, na Mama hukumuachia hata uso wako.

Nakuahidi: filamu hiyo haitaonyeshwa tena nikiwa hai, na wenzako nimeshawaambia. Mama amekupa radhi, kaitamka mbele yangu. Mwenyezi Mungu ni mwingi wa rehema, naye atakusamehe.

Lala basi, ndugu yangu. Mimi sijakusamehe.

Dadako,
Mwanaisha