Kibao cha Bi Adele

New York, 1953

Shikamoo Shangazi Bluma,

Kikohozi changu kimepona. Na yule mpwa wako uliyesema hatafika popote sasa anatazamwa na nchi nzima kwenye televisheni. Haya, vidole vyake tu: mimi ndiye ninayebadilisha vibao vya majina mbele ya kamera mchezo ukiisha.

Jana ulikuwa mchezo wa Bi Adele, kauandika mwenyewe na kuuigiza mwenyewe, moja kwa moja hewani. Kabla hatujaanza, bosi akaninong'oneza, "Kibao cha mwandishi katupe. Wanamwita mkomunisti, wadhamini watatukimbia."

Bi Adele alisikia. Akanikonyeza, lakini poda ikammwagikia gauni lote.

Mchezo ulipoisha nikaweka kibao cha kwanza, cha pili, kisha cha mwandishi: ADELE KORMAN. Nikakishikilia mpaka bosi akaja mbio.

"We chizi! Si nilisema ukitupe?"

"Nilitupa, bosi. Labda nimetupa kingine. Si unajua kusoma kunanipiga chenga?"

Aliamini papo hapo, Shangazi, na hilo ndilo lililoniuma. Kunifukuza akanifukuza vilevile.

Bi Adele naye hana kazi tena. Ila kibao aliniomba, akapanda nacho basi, jina likitazama watu.

Nitandikie kochi.

Mpwa wako asiyejua kusoma,
Mortie