Kiazi cha Maji Tulichofuturia Katsepy

Mama, shikamoo. Saumu inakwendaje na hilo joto la huko?

Leo nimefuturu Katsepy, ng'ambo ya Majunga, na tende zako sikuzigusa, usinune. Mwenyeji wangu Bi Zaharia, Mngazija mzaliwa wa hapa, alinipeleka msituni kwenye mchanga mkavu kama unga. Akafuata kikamba cha mmea kilichonyauka, akachimba mpaka bega likazama, akatoa kiazi mwitu kirefu kama mkono. Wanakiita sosa, na siku hizi ni adimu. Alipokikata kichwa, maji yalimtiririka mpaka kiwikoni!

"Kula, wewe msafiri," akaniambia, naye kafunga, jasho linamtoka. Ningekula vipi mbele yake? Tukangoja. Ilipoadhiniwa tukakitafuna kibichi, kitamu kama dafu, na kiu yote ikakatika. Maji yale, kutoka mchanga ule! Nilibaki na subhanallah tu mdomoni.

Kile kichwa alikuwa amekirudisha shimoni kiote tena. Alipokuwa akifukia alisema, "Hata hiki cha leo, aliyekifukia ni mama yangu, Mungu amrehemu."

Nikakuwaza wewe. Tende zako zote nimemwachia yeye.

Mola akuweke, tufuturu pamoja nikirudi.

Mwanao, Mwanaisha