Crispin Hajawahi Kutaka

Jumanne, 9 Mei

Nimepewa kitenzi cha Kiingereza 'will'. Wenzangu hapa ofisi ya kamusi wamepewa maneno ya jibini na mbwa, mimi nimeangukiwa na hiki. Zamani hakikuwa na habari ya kesho kabisa. Mtu akisema 'will' alimaanisha nataka. Mwenzake 'shall' alimaanisha nawiwa. Kutaka kukachakaa, ukabaki wakati ujao mtupu. Nikacheka peke yangu – na 'ta' yetu ya nitakuja si ndiyo taka iliyokatwa mkia?

Crispin wa meza ya pili, mchumba wangu (bado nashangaa kuandika hivyo), akauliza nacheka nini. Nikamweleza. "Ajabu sana," akasema, akarudi kwenye kazi yake. Ndiye huyo.

Alhamisi, 11 Mei

Mwanamume huyu hajawahi kutaka kitu mbele yangu. Chai: "Kama unachemsha, sitakataa." Dirisha: "Kuna kibaridi, au ni mimi tu?" Hata uchumba! Tulikuwa tumejikinga mvua, akasema pengine lingekuwa jambo la busara tukatangazwa kanisani, kama sina shughuli nyingine. Nimekaa Uingereza vya kutosha, nikaelewa. Nikakubali.

Sasa inaniuma. Tumeshatangazwa Jumapili ya kwanza, zimebaki mbili. Nataka kusikia kwamba ananitaka. Nisiposikia mpaka ya tatu ipite, siendi madhabahuni. Basi.

Jumapili, 14 Mei

Tangazo la pili. Kasisi Philippa akauliza kama yupo anayejua kizuizi cha ndoa hii. Watu hawa hata wangekuwa wanaungua moto, wasingesimama wakati ule. Crispin alitazama viatu vyake.

Ijumaa, 19 Mei

Nimemwambia. Kwenye kantini, supu ikipoa. Siku ya ndoa utaulizwa, nawe utajibu 'will'. Utakuwa unataka, Crispin, au unatabiri tu?

Akawa mwekundu mpaka masikioni. "Swali zuri, Mkawasi. Naomba nilifikirie."

Swali zuri! Nilirudi nyumbani nikalia, kisha nikakasirika kwa kulia.

Jumapili, 21 Mei

Naandika nyuma ya karatasi ya nyimbo, nje ya chumba cha kasisi.

Tangazo la tatu. Kasisi akauliza kizuizi. Crispin akasimama. Crispin! Bibi wa mbele yetu akaangusha miwani.

"Bwana Thwaite, una pingamizi na ndoa yako mwenyewe?"

"Hapana, Kasisi. Ila namtaka. Nilidhani hapa ndipo mtu anaporuhusiwa kusema."

Akakaa. Mimi sikuweza hata kumtazama, nilikuwa nacheka na kulia.

Sasa wamemfungia humo ndani kwa kikao. Mzee wa kanisa, Bwana Ormerod, anashikilia kwamba aliyesimama amesimama, tangazo limekatizwa, lisomwe upya Jumapili zote. Kasisi anasema kumtaka mtu hakujawahi kuwa kizuizi. Chai imepelekwa, bila shaka. Harusi yenyewe sijui kama itakuwa Juni au lini.

Kasisi amemwomba Crispin arudie alichosema, apate kuamua vizuri. "Namtaka," namsikia kupitia mlango. Bwana Ormerod masikio yake ni mazito. "Unasema?" Crispin amerudia, kwa sauti kubwa zaidi.

Wameniita niingie. Nangoja kidogo. Mzee wa watu, Mungu ambariki, ameuliza tena.