Baba, Hukuniachia Kaburi

Baba,

Jumapili nilikuja. Nilishuka treni kituo cha Jakobsberg, nikapanda basi mpaka kanisani kwako, maua mkononi, nisijue pa kuyaweka. Nakuandikia kwa sababu nina hasira nawe, na mtu akimkasirikia marehemu hana pa kupeleka kesi.

Miaka yote uliyokuwa mtunza kanisa, Waswidi walikuja kukuuliza wewe, Mrundi, habari za mababu zao. Mimi ulinionyesha kwa Kiswahili: kuta za mawe nene kuliko urefu wa mkono wangu, watakatifu waliochorwa ukutani, wakafichwa chini ya chokaa hadi mtu akaikwangua, mlango uliozibwa upande wa kaskazini, walikokaa wanawake wa zamani. Kwenye ukumbi wa kuingilia ulisimama kila mara. "Hapa wanaume waliacha mapanga yao. Wewe acha mdomo." Nilikuwa nikicheka. Jumapili nilipita hapo hapo, na sikuacha kitu.

Ulichopenda zaidi ni yale mawe ya sakafuni yenye majina ya wafu. Ulipiga deki huku ukiyasoma kwa sauti, ukisema ni adabu kumsalimia mtu kabla ya kumpitishia tambara usoni.

Mama tulimzika kambini, tulipokuwa wakimbizi. Tuliporudi kumtafuta tulikuta shamba la mihogo. Ulilia mbele yangu, ukanishika bega: "Mimi, mwanangu, utajua nilipo." Nikaamini.

Kumbe ulikwenda kwa mchungaji kwa siri. Baada ya ibada ya kukuaga alinivuta pembeni, akasema kwa upole, "Han ville ha det så." Alitaka iwe hivyo. Uchomwe, Baba! Na majivu yako yazikwe minneslund, ile bustani ya wafu wasio na majina, ambako hata mtoto haambiwi ni wapi hasa. Mchungaji alijua. Mimi niliyekuosha miguu, niliyekunywesha uji, sikujua. Umenisaliti. Nimetafuta neno jingine, sina.

Sababu yako alinieleza. Wewe ndiye uliyeng'oa mawe ya makaburi yaliyoachwa na ndugu bila mtu wa kuyatunza, ukayaegemeza ukutani nyuma ya kibanda cha zana. Ukaogopa wajukuu watasahau, na lako nalo liegemezwe pale. Yaani ulituhukumu kabla hatujakosa. Ungeniuliza tu, Baba. Ningekuapia.

Binti yangu, niliyekuja naye Jumapili, alizunguka nyasi za bustani ile, akaniuliza, "Var är morfar?" Babu yuko wapi? Nikamwambia sijui. Akainama, akaweka kiganja chini, akasogea, akaweka tena, kama daktari anayetafuta mapigo ya moyo. Niligeuka nisimwone. Maua tuliyaacha kwenye bakuli la wote, pamoja na ya watu tusiowajua.

Nakupenda, na sijakusamehe. Yote mawili nayabeba, na pengine nitayabeba hadi mwisho.

Basi lala salama, Baba, popote ulipo hapo chini. Nami nakuahidi jambo moja: siku yangu ikifika nitazikwa udongoni, ndani ya jeneza, na nitahakikisha mwanangu anajua jiwe langu liandikwe nini. *Esperansi, binti Zakaria.*

Utake usitake, jina lako litakuwepo.

Mwanao