Lazar Alivyotikisa Kichwa

Mwanangu Iskra,

Pilipili za mwaka huu amezichoma jirani yangu Tsvetana, maana mikono yangu haishiki tena. Ananitania, "Bibi wewe, kifo kitakukuta unahariri filamu." Namwambia kitasubiri nimalize.

Ninayomalizia kuihariri upya ni ile filamu yangu ya zamani kuhusu askari wa mpakani. Unakumbuka nilivyomuuliza baba yako mbele ya kamera: "Kaka Lazar, uliwapiga risasi waliokuwa wakiitoroka nchi?" Akatikisa kichwa. Huko Lisbon ulifurahi kwamba amekana. Umekulia ugenini, mwanangu, ukasahau kwamba kwetu Bulgaria anayetikisa kichwa kulia na kushoto amekubali. Nami nilikuacha ufurahi, wewe na wageni wote walioitazama, kwa sababu nakupenda. Hilo siendi nalo kaburini.

Nakala mpya itaonyeshwa huko mwezi ujao. Pale anapotikisa kichwa nimeandika neno moja chini ya picha: "Ndiyo."

Usiniombe nilifute. Jana nilimwonyesha baba yako mwenyewe. Alitazama hadi mwisho. Nikamuuliza, "Neno hili libaki?"

Akatikisa kichwa.

Shangazi yako akupendaye bado,
Nevena