Maana ya Pili ya "Bedding"

Jumatatu, 14 Julai 2025

Kontena limefunguliwa leo. Sijawahi kuona wanaume kumi wakinyamaza pamoja namna ile.

Wiki mbili zilizopita Bwana Anwar aliniita kabla hajaenda mnadani. Yeye ndiye mwenye ghala, mimi karani wake, mwaka wa sita sasa. Karatasi yoyote ya Kiingereza ikiingia pale Changamwe hupitia mikononi mwangu. Alinionyesha orodha ya mizigo iliyotelekezwa bandarini, kidole kimesimama kwenye neno moja. Bedding. Akataka kujua ndiyo nini. Sikufikiri hata. Nikamwambia ni malazi — magodoro, mashuka, mablanketi, mito. Akauliza kama nina hakika. Nikacheka. Mimi niliyepata B ya Kiingereza, niulizwe bedding!

Leo milango imefunguliwa. Hakuna shuka, hakuna blanketi. Ni marobota ya nailoni yaliyopangwa hadi juu, na ndani yake maranda ya mbao. Meupe, laini, kama yale yanayobaki chini ya meza ya seremala, ila haya yamepepetwa. Yana harufu tamu kidogo, inayokaa kooni.

Bwana Anwar hakunifokea. Afadhali angefoka. Aliniangalia, kisha akatazama chini.

Aliyeniokoa ni Mzee Mwarandu, mkubwa wa wachukuzi. Alichota konzi moja, akaibinya, akasema kwao Kaloleni watu walijaza mito kwa sufi, na asiye na sufi alijaza chochote kilicho laini. Na hiki ni laini. Hapo Bwana Anwar akarudiwa na rangi. Akaniambia niandike kwenye stakabadhi za kuuzia: "Maranda safi ya malazi."

Nikaandika. Nikatia sahihi.

Moyo umetulia. Nusu.

Jumanne, 15 Julai

Washona mito wa Kongowea wamekuja na mikokoteni yao. Marobota yanatoka kama mkate wa asubuhi.

Mawili nimemletea Ruth. Mdogo wangu huyu tunaishi naye hapa Chaani, yeye na binti yake Pascalia wa miaka minne. Ana oda ya magodoro madogo thelathini na mawili ya shule ya chekechea kule Timbwani, Likoni, ng'ambo ya kivuko, watoto wajilaze baada ya chakula cha mchana. Pamba ilikuwa imemsumbua kupata. Alinishika mikono yote miwili. Cherehani haijanyamaza tangu alasiri.

Cha kwanza kushona ni mto wa Pascalia.

Alhamisi, 17 Julai

Mzee Mwarandu ana vipele mikononi, kuanzia vidole hadi viwikoni, vyekundu. Macho yamemvimba. Anasema ni joto la kontena. Lakini huu ni Julai, upepo wa kusi unavuma, joto gani?

Ruth naye anapiga chafya mfululizo. Vumbi, anasema.

Vumbi basi.

Ijumaa, 18 Julai

Nitaandika kwa mpangilio nisije nikajidanganya baadaye.

Saa nne asubuhi robota moja lilipasuka sakafuni. Upande wa chini, ambao hatukuwahi kuugeuza, lina kibandiko. Nililiinamia kwa udadisi tu. Kuna picha ya farasi, na ya kuku. Kuna picha ya mkono uliopigwa mstari mwekundu. Chini yake, Kiingereza cha herufi ndogo: malalo ya mifugo. Yametiwa dawa ya kuua viroboto na utitiri. Yasiguswe bila glavu. Yasitumiwe na binadamu. Watoto wawekwe mbali. Kisha jina la dawa, refu, la kikemia.

Nilikisoma kibandiko mara tatu. 

Ofisini nikatoa kamusi, ile kubwa, iliyojaa vumbi kwa sababu sijaihitaji miaka. Bedding. Maana ya kwanza: vitu vya kitandani. Maana ya pili: nyasi au maranda wanayotandikiwa wanyama kulalia. Kuna hata ya tatu, tabaka la mchanga chini ya bomba la maji. Maana tatu, na mimi nilimpa mtu moja, nikicheka.

Na siwezi kusema Kiswahili kilininyima. Matandiko ni ya kitanda na matandiko ni ya punda. Nalijua hilo tangu utotoni. Sikuuliza tu. Ningemwambia Bwana Anwar, "Ngoja niangalie," yangekuwa maneno mawili.

Nimerudi nyumbani mapema. Ruth alikuwa anashona huku anaimba wimbo wa kwaya, maranda yamemjaa nyweleni. Amebakiza magodoro manne. Nilifungua mdomo. Nikauliza tu yanachukuliwa lini. Akasema Jumanne. Nikajipa Jumanne kama mtu anayepewa muda na daktari. Nimwone Bwana Anwar kwanza, nikajiambia. Atajua la kufanya. Atayarudisha yote.

Lakini mto wa Pascalia niliutoa kitandani. Nikasema una kunguni. Nimeutupa mbali, jalalani kabisa.

Jumamosi, 19 Julai

Nilikuwa mlangoni kwake saa mbili. Nilimwekea Bwana Anwar kibandiko mezani, nikamtafsiria neno kwa neno. Alisikiliza hadi mwisho. Akavua miwani, akaifuta kwa ncha ya kanzu, akaivaa tena.

Akasema, kwa upole kabisa, "Kafedha, mimi Kiingereza sikijui. Neno ulilisoma wewe. Na sahihi ni yako."

Hakunitishia. Alisema tu. Niliona seli. Niliona mama mmoja wa Kongowea ameshika mtoto, ananinyooshea kidole mbele ya hakimu. Kweli niliviona, mchana kweupe, nimesimama kwenye zulia lake.

Kibandiko akakitia kwenye droo, akafunga kwa ufunguo. Akasema, wallahi, dawa ya viroboto haijaua mtu, hata mbwa anapakwa. Akatoka, akamwamuru Mzee Mwarandu avibandue vyote vilivyobaki na kuvichoma nyuma ya ghala.

Mzee Mwarandu akaja kwangu na kimoja, mkono wake umevimba haukunjiki. Hasomi Kiingereza. Akaniuliza, "Mwanangu, hii yasemaje?"

Nikamwambia ni jina la kampuni.

Akashukuru. Akaenda kuchoma.

Jumapili, 20 Julai

Jana niliporudi, kona ya cherehani ilikuwa tupu. Sikuelewa mara moja. Nilidhani amehamishia uani. Kumbe gari la kanisa lilikuwa linavuka kwenda Likoni asubuhi hiyo, Ruth akaona bahati, akayapakia yote. Thelathini na mawili. Alikuwa na furaha ya kumaliza kazi. Macho yake mekundu kama ya mlevi.

Jana sikusema. Leo tumetoka ibadani, akakohoa njia nzima hadi akashika ukuta wa nyumba ya watu. Nyumbani nikamkalisha kitini. Nikasema yote: neno, kibandiko, farasi, droo, Mzee Mwarandu. Nilikuwa nikilia lakini niliyamaliza.

Hakupiga kelele. Alinyanyuka akanawa mikono kwa sabuni, akanawa tena. Akamvua Pascalia nguo, akamwogesha kuanzia kichwani, mtoto analalamika ameshaoga. Akarudi akasimama mbele yangu, maji yanamtiririka viwikoni.

"Kwa hiyo mto wa mwanangu ulijua kuutoa."

Hilo tu.

Ana namba ya Mwalimu Carolyne, mwenye shule. Tumepiga mara tisa. Haipatikani. Ruth akataka kwenda mwenyewe lakini kifua kinambana, hata hatua za kufika barabarani hawezi. Nikamwambia shule imefungwa leo, hakuna mtoto anayelala pale. Kesho nitakwenda mimi. Akasema, "Utakwenda?" Aliuliza kama anavyouliza mtu asiyenijua.

Jumatatu, 21 Julai

Mkobani nimebeba daftari hili. Naandikia kivukoni. Feri moja imeharibika, foleni imefika hadi juu barabarani.

Asubuhi nilipita ghalani kuomba ruhusa. Mzee Mwarandu hakuja. Mkewe amepiga simu: amelazwa tangu jana, hawezi kuvuta pumzi, madaktari wanamuuliza amegusa nini, naye anawajibu maranda. Maranda ya mbao. Nao wanashangaa. Bwana Anwar akasema ni sigara. Mzee Mwarandu hajavuta sigara maisha yake yote. Nikaomba ruhusa. Akanikatalia, akasema leo kuna wateja na stakabadhi zinataka sahihi. Nikabaki pale nikiandika hadi saa nne. Ndiyo, niliandika mbili zaidi. Naziweka hapa kwa sababu hakuna pengine pa kuziweka.

Ya tatu mkono ulikataa. Nikanyanyuka, nikatoka bila kuaga.

Ni saa sita na robo. Watoto hulala saa saba.

Saa saba unusu. Shuleni, Timbwani.

Nimekimbia kutoka kivukoni. Nimechelewa.

Mwalimu Carolyne ni mama wa bara, mrefu, sauti ya chini. Simu yake ilikuwa imeanguka majini tangu Ijumaa. Nilipotaja jina la Ruth alinikaribisha kwa furaha, akanishukuru kwa magodoro kabla sijapumua. Akanivuta dirishani nione. Mistari minne, magodoro manane kila mstari. Watoto wamelala kifudifudi wengi wao, mashavu yamebanwa kwenye kitambaa cha maua alichochagua Ruth.

Nikamwambia. Nilianza na neno "sumu" maana niliogopa nikianza mbali nitapotea njiani.

Hakuniuliza mimi ni nani tena. Aliingia akawainua mmoja mmoja, wawili wawili kwapani, akiwaita majina. Nami nikabeba. Walikuwa wazito kwa usingizi na wenye joto. Tumewaweka uani kwenye mikeka, tukawavua mashati, tukawanawisha kwa maji ya tangi. Wengi wanacheka, wamepata maji saa ya kulala. Saba macho yamewavimba. Msichana mmoja, Florence, pumzi yake inapiga mluzi. Mwalimu msaidizi amembeba na kukimbia naye zahanati ya karibu.

Saa nane kasoro robo.

Simu ya Mwalimu msaidizi kutoka zahanati. Mwalimu Carolyne ameshika simu ya jirani, ananitazama. Daktari anataka jina la dawa. Si "dawa ya viroboto," ziko za aina nyingi na kila moja ina tiba yake, na akikosea anaweza kumzidishia mtoto. Jina lililoandikwa kwenye kibandiko.

Silikumbuki. Refu, linaanzia na herufi p, nadhani p. Maana zote za bedding nazijua kwa moyo, jina hilo silikumbuki. Vibandiko vimechomwa. Kimebaki kimoja, kwenye droo.

Nimempigia Bwana Anwar mara tatu. Hapokei. Mwalimu ameniambia nimwandikie. Nikaandika: Kuna mtoto hapumui vizuri Timbwani na Mzee Mwarandu yuko hospitali. Fungua droo, nipigie picha kibandiko. Makosa ya neno ni yangu na nitayasema mwenyewe polisi, sahihi ni yangu. Nataka jina tu.

Nimemwonyesha Mwalimu nilichoandika kabla ya kutuma. Akasoma, akatikisa kichwa kukubali. Nimetuma.

Tiki mbili. Zimegeuka buluu: amesoma.

Wazazi wameanza kufika getini, sijui nani amewaambia. Mama mmoja ananiuliza kupitia matundu ya mabati kama mimi ndiye niliyeleta magodoro. Nimemwambia ndiyo. Nimemwambia yametiwa sumu, nimejua tangu Ijumaa, mtoto wake yule pale wa kaptula ya kijani, amchukue amwogeshe na ampeleke akapimwe.  Ameshika geti kwa mikono miwili.

Kwenye simu imetokea kwamba Bwana Anwar anaandika.

Imeacha.

Daktari bado yuko hewani. Mwalimu amenyoosha simu kuelekea kwangu ili niseme jina likifika.

Anaandika tena. Ameacha. Anaandika —